Utarudi Sasa Hivi

Nitakayosimulia hapa niliyaona kwa macho yangu mawili, jua likiwa bado juu, tena kupitia lenzi niliyoisafisha mwenyewe asubuhi ile. Nasema hivyo mapema kwa sababu nawajua watu. Ukiwaambia jambo la namna hii wanakuuliza kama ulikuwa umekunywa. Mimi sinywi. Wanakuuliza kama ulikuwa na homa. Sikuwa nayo. Halafu wanakuuliza, kwa kuzungukazunguka, kama umesoma. Nimesoma. Nina diploma ya upigaji picha na filamu niliyoipata Nairobi kwa jasho langu, mchana nikipiga picha za pasipoti kibandani, jioni nikikaa darasani, wala hakuna mjomba aliyeninunulia hata kalamu. Inaning'inia ukutani hapa Nabuyonga ninapoandika. Njoo Mbale uione.

Kwetu ni Jinja, mtaa wa Mpumudde. Niliondoka nikiwa na miaka kumi na saba, wakati wa wanajeshi, na shati moja mwilini. Nilirudi vita vilipokwisha nikiwa na kamera ya filamu, ile ya kukaza kwa ufunguo kama saa ya mezani, mita ya kupimia mwanga, stendi ya miguu mitatu, na Kiswahili. Nakitaja Kiswahili pamoja na vifaa kwa sababu nilikithamini kama kifaa. Hakikuwa kile cha kambini, cha "wewe kuja hapa, lala chini". Kilikuwa cha watu waliokaa kitako wakafundishwa. Nilikivaa kama suti.

Kisoga, lugha ya mama yangu, kilikuwa kimeota kutu kinywani. Nikinunua viazi sokoni wanawake walicheka hadi wakashikana mabega. Basi nikawa nawajibu kwa Kiswahili, nao wakanyamaza ghafla, wakanipimia viazi bila kuniangalia. Nilidhani ni heshima. Niamini, nilidhani kweli ni heshima.

Nilikuwa nimekuja kutengeneza filamu. Walimu wangu walituonyesha filamu za mbali ambazo watu hawasemi, wanakaa tu dirishani, mvua inanyesha, basi linapita, na ukitoka ukumbini huwezi kumwambia mtu uliona nini ila unataka kumpigia mama yako simu. Nikasema nami nitaifanya ya kwangu, ya upweke wa watu wanaoishi pale mji unapoishia. Nani angenizuia? Nilikuwa na mikanda mitatu tu ya filamu, kwa hiyo nilihitaji mtu mmoja, nyumba moja, na mwanga wa jioni.

Aliyenionyesha nyumba ni Rajabu, fundi cherehani wa barazani, Mnubi, mjukuu wa askari walioletwa kutoka Sudan zamani za Waingereza. Vita vilipogeuka alikimbia kama wengine wa jamii yake, waliohesabiwa kuwa upande wa wanajeshi, akarudi akakuta cherehani imekwenda na mlango umekwenda. Alikuwa ameanza tena na cherehani ya kuazima. Aliniita Diploma tangu siku ya kwanza.

"Diploma, wewe nataka mtu mpweke?" akaniuliza huku uzi ukiwa mdomoni. "Mji huu mzima nabaki na nini ingine?"

"Sema 'unataka', Rajabu. Sema 'umebaki'."

"Haya, unataka. Kuna mama moja, Mama Nusula, kule mwisho ya Mafubira, karibu na reli. Anakaa na bwana yake, Badiru. Jioni bwana nakaa kwa mlango. Sura yake, wewe mwenyewe utaona. Lakini sikia." Akautoa uzi mdomoni. "Kule hapana Swahili. Lusoga tu. Ukifika pale kwa kisima, Swahili yako weka chini. Ukirudi, okota."

"Kwa nini?"

"Mzee hapana penda."

"Na wewe Mnubi, Kiswahili ndicho umenyonya nacho, unamsemesha nini?"

"Neno moja tu. Kodheyo. Nasema, napita."

Kodheyo ni salamu ya Kisoga anayopewa mtu aliyerudi, awe ametoka shambani au ametoka nchi nyingine. Ni kama kumwambia pole na kule ulikokuwa, sasa uko kwetu. Neno hilo hata mimi sikuwa nimelisahau. Nilicheka nikamwambia Rajabu kwamba mtu hachagui lugha ya watu wanaompitia mlangoni. Hakucheka. Alirudi kwenye suruali aliyokuwa akiipunguza.

Nilikwenda kwa boda boda ya baiskeli, stendi imelala mapajani, hadi nyumba zilipokwisha. Kulikuwa na kisima, kisha kijia chenye nyasi ndefu, kisha nyumba ya matofali ya vyumba viwili, bati lake limetiwa viraka, na ng'ambo yake reli na miwa. Mlangoni palikuwa na kiti cha mbao, na juu ya kiti alikaa mwanamume wa makamo. Shati lililopigwa pasi. Suruali ya kaki ya kiwanda cha nguo alikokuwa fundi wa mitambo. Viatu vya ngozi vya kahawia vilivyong'arishwa mpaka ncha zake zikashika mwanga.

Mama Nusula alitoka akijifuta mikono kwa kitenge. Alikuwa mzee kuliko mumewe kwa miaka mingi, na hilo niliona nikalipita, kama mtu anavyopita jiwe barabarani.

"Kodheyo," nikamwambia.

"Nawe kodheyo, mwanangu," akajibu kwa Kisoga, akanishika mkono kwa mikono yake miwili. "Fundi Rajabu aliniambia. Ulikuwa Kenya. Mama yako alikuwa akilia njia nzima akienda msikitini. Umerudi." Nami, na diploma yangu, nikaendelea kuishika mikono yake kama mtoto.

Nilimweleza, kwa Kisoga changu cha kuchechemea, kwamba nataka kumpiga mzee picha zinazotembea. Alifikiri.

"Mpige. Lakini usimchoshe. Amerudi amechoka." Akamtazama mumewe kama unavyotazama chungu ulichokitengeneza mwenyewe. "Wanawake sita wa njia hii, waume zao hawakurudi. Wangu amerudi. Simdai tena lolote maishani, akae tu hapo nimwone. Nikifika jioni nikamkuta amekaa, siku yangu imekwisha vizuri."

Siku mbili nilipiga kwa raha. Watu walipita na majembe begani, kila mmoja akasema, "Kodheyo, Badiru," naye akainua kidevu kidogo. Walipita kumi, waliinama kumi, hakuna aliyesahau. Watoto nao. Nilisikitika kwamba kamera yangu haichukui sauti. Mkewe alimwekea chai pembeni mwa kiti, na kila jioni niliiona ile chai ikiota utando juu, haijapungua hata tone. Inzi walitua kwenye kikombe. Kwake yeye hawakutua.

Halafu ile mita. Mpiga filamu huisogeza mita karibu na uso wa mtu, sindano inamwambia mwanga ni kiasi gani. Niliisogeza usoni mwa Badiru, sindano ikasoma mwanga wa ukuta uliokuwa nyuma yake. Nikasogeza zaidi. Ukuta. Uso wake ulikuwa mweusi kama wangu, ukuta ulikuwa mweupe wa chokaa, wala hakuna mita duniani inayoweza kuchanganya vitu hivyo viwili. Nilifanya nini? Nikailaumu mita. Nikapima mkono wangu, nikakadiria, nikaendelea. Hivyo ndivyo nilivyofundishwa.

Siku ya tatu nilibakiwa na mkanda mmoja. Nilitaka mwisho wa filamu: mzee anainuka, anashika kijia, anakwenda taratibu kuelekea reli, jua la saa kumi na moja na nusu likiwa ubavuni mwake. Mama Nusula alikuwa nyuma ya nyumba akimenya ndizi. Nikakaza kamera. Nikamwambia Badiru kwa Kisoga ainuke.

Nilikosea kitenzi. Nilimwambia aanguke. Wanawake wawili waliokuwa wakitoka kisimani wakaangua kicheko.

"Mwana wa Mpumudde!" mmoja akaita. "Kenya walikukata ulimi wakakupa kamera?"

"Mwache, shoga, huyo ni mzungu wa Nairobi. Muulize kama anakumbuka jina la babake!"

Wakapita, wakimwambia Badiru kodheyo kwa sauti tamu, na mimi wakiniachia mabega yanayotikisika. Nilijaribu tena. Likatoka neno jingine baya zaidi. Jua lilikuwa linashuka, Badiru alikuwa ananitazama tu, na mimi nilikuwa mtu mwenye diploma aliyeshindwa kumwambia baba wa watu asimame.

Nikamwambia kwa Kiswahili. Kwa adabu kabisa. Ni maneno niliyoyasema kila siku ya Mungu kule kibandani Nairobi, kuwatoa wateja uani na kuwaleta mbele ya pazia:

"Mzee, twende kidogo. Utarudi sasa hivi."

Wewe msomaji wa Tanga au Nakuru utasema, kuna ubaya gani hapo? Muulize mtu yeyote wa rika langu kutoka Jinja. Hiyo ndiyo sentensi waliyokuja nayo wanajeshi. Hawakupiga kelele walipomtaka mtu kikweli. Gari lilisimama, mmoja akateremka, akagonga kwa upole, akasema kwa Kiswahili, twende kidogo, utarudi sasa hivi. Mwalimu wangu wa hesabu aliitwa hivyo mlangoni mwa darasa, akaiacha chaki juu ya meza. Nilikuwa nimekaa dawati la pili. Kwa hiyo nisiseme sikujua. Nilijua, kisha nikasoma sana, nikajua mambo mengine.

Badiru akainuka.

Kwanza alivua saa mkononi, akaiweka juu ya kiti. Akatoa kitambaa mfukoni, akakiweka juu ya saa. Akainama, akafungua kamba za viatu bila haraka, akavivua, akavipanga sawasawa, visigino vikigusa ukuta. Alifanya kama mtu anayejua utaratibu. Kisha akapita mbele yangu pekupeku, akashika kijia.

Nami nilikuwa nikipiga. Hilo ndilo siwezi kulificha. Kidole kilikuwa kwenye kitufe tangu alipovua saa, nikawaza, mzee huyu ni mwigizaji, hii ndiyo picha ya maisha yangu. Ulipovuma upepo nyasi zilikwenda upande mmoja, lakini pale alipokuwa akikanyaga zilikwenda upande wa pili. Alifika nusu ya kijia. Hakupotelea kwenye miwa, miwa ilikuwa bado mbali. Hakuanguka. Palikuwa na mgongo wa shati jeupe, kisha palikuwa na mwanga wa jioni tu. Kamera ikaendelea kusaga mpaka mkazo ukaisha.

Nyuma yangu nikasikia, "Afande."

Nikageuka. Mama Nusula alikuwa amesimama kwenye kona ya nyumba, kisu na ndizi mkononi. Siku tatu nilidhani mama huyu hajui hata neno moja la Kiswahili. Aliniita afande, mimi niliyempa mkono, mimi mwana wa Mpumudde.

"Afande, mmerudi?"

Nilijaribu kusema kitu. Unajua Kisoga changu kilinijia wakati ule chote, kila neno, lugha nzima ya mama yangu? Lakini alikuwa haniangalii tena. Alikuwa anaviangalia vile viatu. Alikaa chini kando yake polepole, akavifunika kwa kitenge chake kama unavyofunika chakula cha mtu atakayechelewa.

Rajabu nilimkuta barazani akifunga. Nilimweleza. Alikaa kwenye ngazi akazungumza, na mara hii sikumsahihisha.

"Badiru walichukua zamani, wewe bado kijana. Saa ya jioni, kwa mlango ile ile. Tulijua amekufa. Kila mtu alijua. Halafu mwaka ule vita naisha, jioni moja mama natoka nje, yeye amekaa kwa kiti. Na viatu yake. Sisi hatukuuliza. Wewe utauliza nini? Mama alisema kodheyo, tukasema kodheyo. Tukaona kila siku tukisema, kila siku anabaki. Na Swahili..." Akatazama mikono yake. "Hiyo Swahili ni ya babu yangu, Diploma. Ni ya nyumba yangu. Kila siku nikifika kwa kisima naweka chini. Mimi. Na wewe ulishindwa siku tatu."

Hakuniita Diploma tena baada ya siku ile. Hakuniita chochote.

Nilisafiri na mikanda hadi Nairobi ikaoshwe. Nilikaa gizani peke yangu nikaitazama. Mikanda miwili ya kwanza ni kiti kitupu mlangoni, kikombe cha chai, na watu wanaopita na majembe, mmoja baada ya mwingine, wakiinamia kiti kitupu kwa heshima. Mkanda wa tatu ni kiti hicho hicho. Panatokea saa juu yake. Panatokea kitambaa. Panatokea viatu, visigino ukutani. Kisha nyasi za kijia zinalala moja moja, hatua kwa hatua, mpaka pale zilipoacha kulala.

Walimu wangu waliionyesha ukumbini. Watu walisimama wakapiga makofi. Mmoja alisema hajawahi kuona upweke ukionyeshwa hivi, kwamba nimekuwa jasiri kumwondoa mtu kabisa kwenye picha. Nilipewa cheti. Nilishukuru, nikapeana mikono. Hiyo ndiyo kazi bora niliyopata kuifanya, na hata leo wanaojua filamu wakinitaja wanaitaja hiyo.

Nilirudi Mafubira na sukari kilo tano na doti ya kitenge. Boda boda alinishusha kisimani, akakataa kuendelea. Mama Nusula alikuwa amekaa kwenye kile kiti cha mlangoni. Waliokuwa wakipita walipita upande wa pili wa kijia, majembe begani, bila kusema neno, kwa kuwa hapakuwa tena na wa kuambiwa.

Nilipiga magoti, mtu mzima mimi. Nikamwomba radhi kwa Kisoga kilichonyooka. Alisikiliza mpaka mwisho. Akanijibu kwa Kiswahili.

"Ulisema sasa hivi."

"Mama..."

"Mimi nangoja, afande. Ya kwanza walisema sasa hivi, nilingoja mpaka nikazeeka, akarudi. Wewe pia ulisema sasa hivi. Mimi sina miaka ingine ya kungoja." Akainama, akakivuta kifurushi cha gazeti chini ya kiti, akaniwekea mapajani. "Wewe ndiye ulimchukua. Viatu kaa nazo. Akitaka viatu yake atakuja kwako, na wewe utamleta hapa. Utamleta?"

Nikasema nitamleta. Ungesema nini wewe?

Alifariki kabla ya mvua zilizofuata. Rajabu hakuniletea habari, nilizisikia sokoni, kwa wale wale wanawake wa viazi.

Jinja ilinishinda. Nilihamia Mbale, nikafungua studio hapa Nabuyonga, na studio inakwenda vizuri, usidhani nimeanguka. Harusi za mji huu nusu yake nimezipiga mimi. Lakini siwaiti watu mbele ya pazia kwa mdomo, nawaonyesha kwa mkono. Mke niliyemwoa alivumilia miaka miwili, kisha akaniambia hawezi kuishi na mtu ambaye kila jioni anaacha chakula na kwenda kusimama mlangoni. Hakukosea.

Maana kila saa kumi na moja na nusu nafungua mlango wa mbele. Naweka kiti. Navitoa viatu nje ya gazeti, navipanga visigino vikielekea barabarani na ncha zikielekea ndani, ili miguu ikiingia iingie kuja kwetu. Nasema kodheyo. Hapa ni kwa Wagisu, salamu zao ni nyingine, wanapita wakitabasamu, wanasema fundi picha anamwamkia kiti. Nasema tena. Hakuna anayekuja. Nimeanza kufikiri kwamba neno lile haliwezi kufanya kazi kinywani mwa aliyesema lile lingine.

Nimeficha jambo moja hadi hapa, kwa kuwa ndilo gumu kuaminika. Viatu vile havijapata vumbi. Panya hawavigusi. Na ukitia mkono ndani, hata asubuhi ya baridi wakati ukungu unashuka kutoka mlimani, unakuta vina joto. Vina joto la mguu. Ni kama vimevuliwa sasa hivi.

Kwa hiyo nakuonya, wewe unayerudi nyumbani na vyeti na lugha uliyoinunua mbali. Ukiambiwa neno fulani uliache kisimani, liache, wala usiulize maana yake kwanza. Na ukimwita mtu mlangoni kwake, usimwambie atarudi kama si wewe utakayemrudisha.

Na ukipita Nabuyonga jioni, ukaona mlango wazi, na kiti, na viatu vya kahawia ncha zimeelekea ndani, usipige hodi. Simama kidogo hapo barabarani, useme kodheyo, kisha uende zako. Litamke vizuri. Labda akilisikia kwa mtu mwingine atakuja.